Baridi Ile Tuliyotazama Watu Wakianguka

Harufu ya kitambaa chenye unyevu kinapokutana na pasi ya moto ndiyo inayonirudisha Bellevue, mtaa wetu wa zamani Johannesburg. Haina utamu wa chakula wala wa manukato. Ni harufu nzito kidogo, kama nywele zilizolowa mvua zikikaushwa karibu na jiko, na ilikuwa ikitoka chumba cha mbele kwa Papa Ilunga, fundi cherehani aliyetoka Lubumbashi, Kongo, ikapita koridoni na kuingia kwetu chini ya mlango. Nyumba yenyewe ilikuwa ya zamani, ya paa la bati na dari za juu zenye maua ya chokaa, iliyojengwa kwa ajili ya familia moja ya watu ambao sisi hatukuwajua. Tulipohamia ilikuwa imeshakatwakatwa vyumba kwa mbao nyembamba, na ua moja la dari lilikuwa limegawanywa katikati, nusu letu na nusu la Papa Ilunga. Nilikuwa na miaka tisa, na mdogo wangu Salimu alikuwa na sita. Ilikuwa Juni ya mwaka 2017, majira ambayo Johannesburg hukauka hadi midomo ikapasuka, nyasi za uwanjani zikageuka rangi ya kadibodi, na jua likang'aa siku nzima bila kumpasha mtu joto.

Wazazi wetu walitoka Tanga. Mama aliuza vitambaa katika duka moja huko Fordsburg, akitoka asubuhi na kurudi magharibi inapokaribia. Baba alikuwa fundi wa kutandika mazulia, mrefu, mwenye mabega aliyojivunia, na kabla ya baridi ile sikuwa nimemwona nyumbani mchana isipokuwa Jumapili. Kilichombakisha nyumbani ni ngazi za jengo moja la ofisi mjini. Alikuwa akizishuka na zulia lililoviringishwa begani, akateleza, akaporomoka hadi chini na kuvunjika mguu. Lakini alipotusimulia hakuzungumzia maumivu hata kidogo. Alizungumzia kicheko. Zulia lilikuwa limemtoka begani likajifungua lenyewe ngazi baada ya ngazi, likanyooka hadi mlango mkuu kama linamkaribisha mgeni wa heshima, na wenzake waliokuwa wamesimama pale wakaangua kicheko kabla hawajauona mguu wake. "Walicheka, Mama Mwanaidi," alimwambia Mama, na kwa sauti ile nilielewa kwamba mtu mzima anaweza kuumizwa na jambo lilelile linalomuumiza mtoto. "Nimelala pale chini, watu wanacheka."

Basi Baba akawa wa nyumbani, mguu umefungwa plasta hadi juu ya goti, magongo mawili yameegemezwa ukutani. Alijaribu kupika, na ugali wake ulikuwa na mabonge ambayo Salimu aliyatoa kwa vidole na kuyapanga ukingoni mwa sahani. Alijaribu kufua, akapauka mikono, na sare yangu ya shule ikabadilika rangi. Kilichomshangaza kuliko yote ni sisi wenyewe. Alipotusemesha tulimwelewa kila neno, ila tulimjibu kwa Kiingereza, na tulipogombana sisi kwa sisi tuligombana kwa Kizulu cha uwanjani. Hakuwahi kukaa nasi muda wa kutosha kuliona hilo. Jioni moja alimuuliza Mama, bila hasira, kama mtu anayeuliza njia, "Hawa watoto ni wa nani?"

Televisheni yetu haikuwa na sauti. Ilikuwa imegongwa mlangoni siku tuliyohamia, ikabaki na picha tu. Mama, akitaka kumpoza Baba, alimnunulia diski kwenye meza moja ya kando ya barabara kule Fordsburg, yenye jalada la picha ya mchezaji mpira akishangilia. Tulipoiweka kwenye deki hapakuwa na mpira. Palikuwa na rangi nyeusi na nyeupe, mikwaruzo inayoshuka kama mvua, na mtu mwenye kofia ndogo na sharubu nene akikanda unga mezani kwa haraka ya ajabu. Zilikuwa sinema fupifupi za Marekani, za zamani sana, za wakati ambapo filamu zilikuwa bado hazijafunzwa kusema, na karibu zote zilihusu balaa za ndani ya nyumba. Yule mwenye sharubu alikuwa akimpikia mke wake mkate. Unga ukaumuka. Ukajaa meza, ukashuka sakafuni, ukamsukuma hadi akakanyaga ufagio, ufagio ukampiga usoni, naye akaanguka chali na miguu yote miwili hewani. Salimu alicheka mpaka akajikunja.

"Zima," alisema Baba. "Mtu anaanguka, cha kuchekesha ni nini?"

Salimu hakuwa na nguvu za kuzima, na Baba mwenyewe hakuweza kuifikia deki. Kwa hiyo sinema ya pili ikaanza bila ruhusa yake. Humo mlikuwa na mwanamume aliyekuwa akihamia nyumba mpya, amebeba zulia begani. Kila alipogeuka, ncha ya zulia ilimkumba mtu: ilimwangusha mpishi, ikamsukuma mama mkwe ndani ya beseni la maji, ikavunja dirisha. Kisha akaanza kupanda ngazi. Nilimtazama Baba na kuona ameacha kupumua. Yule mtu alifika juu, akayumba, akashuka ngazi zote kwa mgongo, zulia likimfuata. Salimu alicheka peke yake. Mimi sikuthubutu.

"Rudisha," alisema Baba.

Nikarudisha. Akatazama, macho ameyafinya, jinsi alivyokuwa akikagua ukingo wa zulia kama umenyooka. "Rudia." Nikarudia mara nyingi mpaka Salimu akachoka kucheka. Mwishowe Baba alinyoosha gongo akagusa kioo. "Tazama mkono wake wa kushoto. Ameshashika ukingo wa ngazi kabla mguu haujateleza. Na kidevu amekiweka kifuani ili kichwa kisigonge. Huyu hajaanguka. Huyu amejiangusha." Alilitamka neno lile la mwisho polepole, kwa heshima niliyokuwa nikiisikia anapowataja mafundi waliomfundisha kazi. "Ngazi zote zile, na akasimama mzima. Hiyo ni kazi, Mwanaidi. Hiyo ni kazi kubwa."

Kuanzia siku hiyo mchana wetu ukapata mpangilio. Tulirudi shule, tukavua viatu, tukakaa miguuni pa Baba ndani ya blanketi moja, na kurudiarudia kuanguka kwa wale watu mpaka tukaelewa kulivyotengenezwa. Baba alitufundisha kumtazama yule asiyefanya chochote kando ya picha, kwa kuwa ndiye aliyekuwa akihesabu muda wa ndoo kudondoka. Alitufundisha kustahi nyuso zao. Nyumba inabomoka, moshi unatoka kwenye jiko, mashine ya kufulia imemeza tai ya mwenyewe na inamvuta shingo, lakini uso wa mtu umetulia kama wa karani wa benki. Sijawahi kuona tena juhudi ya namna ile. Watu wale walikuwa na sakafu ngumu, miili yao, na sekunde chache za kufanya jambo bila kukosea, wakavunja sahani za nyumba nzima ili mtu asiyewajua, wa lugha isiyo yao, acheke. Na sisi ndio tuliokuwa watazamaji hao, tumekaa chini ya nusu yetu ya ua la dari.

Kati ya picha na picha kulikuwa na maandishi kwenye ubao mweusi. Baba hakusoma Kiingereza kwa haraka, nayo maandishi hayakumsubiri. "Wamesema nini?" angeuliza, nami ningejibu kwa Kiingereza, naye angesema, "Kwa Kiswahili." Mwanzoni ilikuwa kama kutafuna mawe. Nakumbuka nikisema, "Mama ya mke yangu anakuja." Baba akaniambia, "Mama wa mke wangu. Na mama wa mke ana jina lake: mkwe." Salimu, ambaye hakuwa amewahi kusema sentensi nzima ya Kiswahili, aliipenda hiyo kupita kiasi. Wiki nzima, kila mlango ulipogongwa, aliruka kitandani akipiga kelele, "Mkwe anakuja!" hata kama ni jirani anaomba chumvi. Hivyo ndivyo Kiswahili kilivyoniingia, kwa filamu zisizosema. Maneno ya kufoka, ya kubembeleza, ya kuomba radhi, ya mke anayerudi nyumbani na kukuta maji yanatiririka kwenye ngazi, yote niliyatafuta kinywani mwangu huku Baba akinisubiri.

Mama aliwapenda wake wa kwenye filamu. Alikuwa akiingia, mkoba bado begani, akasimama kutazama kidogo kabla ya kwenda kuandaa futari, maana Ramadhani ilikuwa imeangukia baridi ile na siku zilikuwa fupi. Kulikuwa na mwanamke mmoja mwenye kofia ya manyoya ambaye, akishafungua mlango na kuona maangamizi yote, hakupiga kelele. Alivua glavu zake kidole kimoja kimoja, akimkazia mumewe macho. "Huyo anajua," alikuwa akisema Mama. "Huyo kaolewa kweli."

Aliyekuwa hafurahi ni Papa Ilunga. Alikuwa mtu mkavu, mfupi, aliyevaa tai hata akiwa peke yake na cherehani, na kicheko chetu kilipenya mbao kana kwamba ni pazia. Aligonga ukuta kwa mkasi wake. Siku moja alikuja mlangoni. "Baba Mwanaidi," alisema kwa Kiswahili chake cha Lubumbashi, "munacheka nini kila siku? Mi niko nashona. Mukono inatetemeka." Baba alimkaribisha atazame. "Non, merci," alijibu Papa Ilunga. "Mi sina wakati ya kuona watu wanaanguka." Alikuwa na harusi ya kanisani kwao mbele yake, na suti ya bwana harusi ilikuwa nyeupe.

Nilidhani Baba amepona moyo. Ndipo alasiri moja, nikichagua dengu upande wa pili wa ukuta wa mbao, nikamsikia akiongea na Tanga kwa simu, yaani na kaka yake, ambaye sisi tulimwita Baba Mkubwa. "Naona nirudi," alisema. "Mguu hautanirudisha kwenye kazi ile. Hapa nimekuwa zigo jingine la kubebwa. Watoto wabaki na mama yao, wanasoma." Dengu zilinimwagika. Mama aliporudi nilimnong'oneza jikoni, nikilia. Hakushtuka. "Najua," alisema, akaendelea kukata kitunguu. "Bado hajaniambia, lakini najua."

Wiki ya mwisho ya Ramadhani Baba aliamua kupaka rangi chumba chetu na fremu ya mlango kwa ajili ya Idi. Nadhani alitaka kutuachia kitu kizuri. Alipata kopo la rangi ya mafuta, bluu ya samawati, akakaa koridoni juu ya stuli ndefu, mguu wa plasta umenyooshwa mbele, kopo kwenye kiti pembeni, magongo yameegemea ukuta. Salimu na mimi tulikuwa tumekaa mlangoni tukimtazama. Papa Ilunga akafungua mlango wake akiwa na ile suti nyeupe kwenye henga, ameiinua juu ya kichwa kwa mikono miwili, akaileta kwenye mwanga wa dirisha la korido ili aikague. Gongo moja likateleza. Lilishuka ukutani taratibu, likapiga mguu wa kiti, kiti kikacheza, kopo likainama. Baba akajinyoosha akalidaka. Alilidaka vizuri kabisa, kwa mkono mmoja, ila rangi yenyewe haikusimama pamoja na kopo. Iliruka kama ulimi. Papa Ilunga alirudi nyuma hatua moja, akakanyaga bluu, miguu ikamtoka, akaketi sakafuni kwa kishindo, mikono bado juu, suti bado inaning'inia hewani.

"Suti haikuanguka," alisema. Hakuwa ameona bado. Kola na kifua cha kushoto vilikuwa na bluu.

Salimu akapiga makofi. Alikuwa na miaka sita na alikuwa amefundishwa kutambua kazi nzuri. "Rudia!" alipaza sauti. "Papa Ilunga, rudia!"

Papa Ilunga aliinuka, akaitazama suti, akamtazama Baba, akaingia chumbani kwake na kufunga. Hatukusikia cherehani. Kukosekana kwa mlio ule kuliijaza nyumba. Baba aliteremka kwenye stuli, akakaa kitandani na viganja vyake vya bluu vimefunguka magotini, na akabaki hivyo mpaka Mama aliporudi, akasimama kwenye korido iliyochafuka. Mama hakupiga kelele. Alitafuta tambara.

"Nimempigia kaka," alisema Baba. "Narudi Tanga. Unaona mwenyewe. Kila ninachogusa nakiharibu."

Mama aliendelea kufuta sakafu, amepiga magoti na nguo zake za kazini. "Mimi nashinda nimesimama dukani siku nzima," alisema. "Nikishuka kwenye teksi pale kwenye robot, kwenye taa za barabarani, naanza kusikiliza. Nikifika getini nasikia watoto wangu wanacheka, na wanacheka kwa Kiswahili. Hicho nacho umekigusa ukakiharibu?" Akaminya tambara ndooni. "Ukitaka kwenda, nenda. Ila kwanza nenda kwa huyo mtu. Una mikono miwili mizima."

Baba alichukua magongo yake. Tulimsikia akibisha kwa Papa Ilunga, akabisha tena, kisha sauti yake ya chini: "Sikuja kuomba radhi tu. Nimekata mazulia tangu ujana wangu. Naweza kufumua mshono wowote bila kugusa kitambaa. Niambie tufumue wapi." Halafu mlango ukafunguka.

Kesho yake nilipotoka shule niliwakuta dirishani wote wawili, vichwa vimeinama juu ya ile suti, Baba akifumua kola uzi kwa uzi kwa ncha ya wembe, Papa Ilunga akipima kipande cha hariri ya bluu iliyokoza. Walitoa kola nyeupe wakaweka ya bluu, wakafunika mfuko wa kifuani kwa bluu, wakavisha vifungo bluu. Sikuwahi kumwona Baba ametulia namna ile tangu alipovunjika. Jumamosi bwana harusi aliivaa. Mama yake alinung'unika mbele ya watu wote kwamba yeye aliagiza nyeupe tupu, na Papa Ilunga aliyapokea maneno yale kwa kuinamisha kichwa. Lakini bwana harusi mwenyewe alikataa kuivua hata jua lilipozama, na katika picha alizotuonyesha Papa Ilunga baadaye, jicho linakwenda kwenye kola ile kwanza.

Siku ya Idi tulimpelekea biriani. Akairudisha sahani mwenyewe, imejaa mandazi ya kwao, na kwa mara ya kwanza hakuishia mlangoni. Akakaa pembeni ya kitanda, tai imenyooka. Tulimwekea ile ya zulia na ngazi. Yule mtu alipoporomoka, Papa Ilunga hakutoa sauti yoyote, ila mabega yalianza kumtetemeka, yakaendelea kutetemeka mpaka akalazimika kufuta macho kwa tai yake. Ilipokwisha alimgeukia Salimu kwa uso wa mtu anayeuliza jambo zito. "Na mi, mutoto, nilianguka muzuri?"

"Vizuri sana," alisema Salimu. "Hukuangusha suti."

Na Baba akacheka. Alicheka kwa kishindo, mguu wa plasta ukigongagonga kitanda, na Mama akaweka chini kikombe chake akamtazama kwa muda mrefu, jinsi mtu anavyomtazama aliyerudi kutoka safari.

Hakwenda Tanga. Mguu uliunga umepinda kidogo, hajabeba zulia tena, ila tajiri wake alimpa meza ya kukata na kushona kingo, na kazi ya wembe ndiyo anayoifanya hadi leo. Papa Ilunga alihamia Cape Town kumfuata binti yake. Sisi tunaishi Troyeville, katika nyumba ndogo ambayo jiko ni letu peke yetu na koridoni hakuna wa kugongana naye. Ni raha tuliyoitamani miaka yote, na sitajifanya siifurahii. Kila mtu ana mlango wake na simu yake. Filamu zile za zamani, na maelfu mengine, ninaweza kuzipata nikiwa nimelala, na nimejua sasa kwamba wale watu walikuwa na majina, na kwamba baadhi yao walivunjika kweli. Nimezidi kuwapenda kwa hilo. Lakini mara nyingi sasa vicheko vya nyumba yetu hutoka chumba kimoja kimoja, kila mtu na chake.

Juzi nilimsikia Salimu, ambaye ana sauti nzito siku hizi, akicheka peke yake chumbani. Nikaingia nikamuuliza anacheka nini. Akanisogezea simu. Kijana mmoja, sijui wa nchi gani, alikuwa akijaribu kuruka geti, akanasa suruali, akaanguka upande wa pili ambako kamera haikufika. Nikamuuliza, "Aliinuka?" Salimu alikuwa ameshapitisha, kidole chake kiko kwenye kichekesho kingine. "Eish, sijui," alisema. Nikamwambia amrudishe. Akarudi nyuma, akapita mbwa, akapita keki, akapita mtu anayecheza ngoma, lakini yule kijana hakuwepo. "Subiri," alisema Salimu, akajisogeza ukutani kunipisha kitandani. Mama alipotuita kula bado tulikuwa tukimtafuta, vichwa vyetu vimegusana, tukitaka tu kujua kama aliinuka.